Picha Bubu na Kauli za Wazee: Kufundisha Mapinduzi ya Msumbiji kwa Filamu za Kumbukumbu

1. Utangulizi

Miongoni mwa zana zote za kufundishia historia, hakuna inayoaminiwa upesi na watoto kama picha zinazotembea. Mwalimu akieleza jambo, mtoto mwerevu huuliza limejulikanaje. Lakini mtoto huyo huyo akiona watu wakivuka mto juu ya kitambaa cheupe au kwenye kioo cha simu, hudhani kwamba ameyaona mambo yenyewe, na huacha kuuliza. Imani hiyo ndiyo inayoifanya filamu kuwa zana yenye nguvu, na ndiyo inayoifanya iwe zana ya kutumiwa kwa uangalifu.

Katika makala haya tunakusudia kuwaeleza walimu wanafunzi mambo mawili: jinsi filamu za kumbukumbu zinavyoundwa kutokana na picha za zamani, na jinsi somo juu ya filamu hizo linavyoweza kufundishwa katika shule ya msingi ya kijijini. Mfano wetu ni mapinduzi ya Msumbiji, na shule tunazozifikiria ni zile za Nkowe na vijiji vinavyoizunguka. Nkowe leo imo katika Wilaya ya Ruangwa, lakini kabla Ruangwa haijawa wilaya mwaka 1995, eneo hilo lilikuwa chini ya Nachingwea. Na Nachingwea ndipo lilipokuwa chimbuko la jeshi lililoikomboa Msumbiji. Basi mtoto wa Nkowe anapotazama picha hizo anatazama historia iliyopita karibu na mashamba ya babu zake.

2. Nachingwea katika mapinduzi

Kabla ya kuonyesha picha yoyote, mwalimu hana budi kuyajua matukio. FRELIMO iliundwa Dar es Salaam tarehe 25 Juni 1962, chini ya uongozi wa Eduardo Mondlane. Vita dhidi ya utawala wa Wareno vilianza tarehe 25 Septemba 1964 huko Chai, katika jimbo la Cabo Delgado. Mwaka 1965 kambi kubwa ya mafunzo ya FRELIMO ilifunguliwa Nachingwea, mahali panapojulikana kwa jina la Farm 17. Jina hilo lenyewe lina historia. Mwaka 1947 Waingereza walianzisha mpango mkubwa wa kulima karanga Kongwa, Urambo na Nachingwea. Mpango ukashindwa, nao ukaachwa mwaka 1951. Ajabu ni kwamba mahali pawili kati ya hapo patatu, yaani Kongwa na Nachingwea, baadaye palikuwa na kambi za wapigania uhuru.

Mondlane aliuawa kwa bomu Dar es Salaam tarehe 3 Februari 1969. Samora Machel, aliyekuwa amesimamia mafunzo ya wapiganaji, akawa rais wa FRELIMO mwaka 1970. Makubaliano ya kukabidhi madaraka yalitiwa sahihi Lusaka tarehe 7 Septemba 1974. Mwezi wa Mei 1975 Machel aliondoka Nachingwea, akavuka Mto Ruvuma, akapita majimbo ya Msumbiji kutoka kaskazini hadi kusini, mpaka bendera mpya ilipopandishwa tarehe 25 Juni 1975.

3. Waliopiga picha

Wapigaji picha wengi wa vita hivyo walikuwa wageni, nao waliingia katika maeneo yaliyokombolewa wakitokea Tanzania. Margaret Dickinson, Mwingereza, alitoa filamu ya Behind the Lines mwaka 1971. Robert Van Lierop, mwanasheria Mmarekani mwenye asili ya Afrika, alipiga picha mwaka 1971 pamoja na Robert Fletcher, na picha hizo zikawa filamu ya A Luta Continua. Wasweden Lennart Malmer na Ingela Romare walipiga picha katika miaka hiyo hiyo. Dragutin Popović wa Yugoslavia alitengeneza filamu kadhaa juu ya FRELIMO, na moja wapo, ya mwaka 1975, inaitwa Nachingwea.

Walimu wanafunzi wanaotazama filamu hizi kwa mara ya kwanza hushangaa kuona mapigano machache sana. Waonacho ni safari ndefu za miguu, watu waliobeba mizigo, mashamba ya mihogo, wauguzi, na watoto wakisoma chini ya miti. Sababu ya kwanza ni ya shabaha: FRELIMO ilitaka dunia ione kwamba mapinduzi yalikuwa pia shule, hospitali na shamba. Sababu ya pili ni ya vifaa. Kamera nyingi za safari za namna hiyo zilikuwa za filamu ya upana wa milimita 16, na mkanda mmoja mfupi wa mita 30 huisha kwa muda usiofika dakika 3. Mpiga picha aliyebeba mikanda michache kwa safari ya majuma mengi alilazimika kuchagua kila mara: apige hiki, aache kile. Kwa hiyo hata kabla mtu hajaikata filamu kwa mkasi, uchaguzi ulikwisha kufanyika msituni.

Baada ya uhuru Msumbiji iliunda Taasisi ya Taifa ya Sinema, iliyotoa filamu za habari ziitwazo Kuxa Kanema. Jina hilo limeunganisha neno la Kironga, lugha ya kusini, lenye maana ya kuzaliwa, na neno la Kimakua, lugha ya kaskazini, lenye maana ya picha. Mwaka 1991 jengo la taasisi liliungua. Mwaka 2003 Margarida Cardoso alitoa filamu juu ya taasisi hiyo, akitumia picha zilizosalia na maneno ya watu waliofanya kazi humo. Mwalimu akumbuke moto huo kila anaposikia kwamba historia imehifadhiwa salama mahali fulani.

4. Jinsi filamu ya kumbukumbu inavyoundwa

Mtengenezaji wa filamu ya namna hii hapigi picha nyingi mpya. Kazi yake ni kwenda kwenye hazina za picha, kuchagua, kukata na kuunga, kisha kutia sauti. Katika kila hatua maana inaweza kubadilika, nasi twapaswa kuziangalia moja moja.

(a) Kuunga. Picha ya mama anayetazama mbali ikifuatiwa na picha ya askari, mtazamaji hudhani mama anamtazama askari. Ikifuatiwa na picha ya mtoto, hudhani anamtazama mwanawe. Huenda picha hizo zilipigwa katika miezi miwili tofauti na vijiji viwili tofauti.

(b) Kutia sauti. Mwaka 2014 Msweden Göran Hugo Olsson alitoa filamu ya Concerning Violence, aliyoiunda kwa picha za hazina ya televisheni ya Sweden, zikiwamo za FRELIMO. Juu ya picha hizo aliweka maneno ya Frantz Fanon, yaliyochapishwa mwaka 1961. Picha zilizopigwa kwa ajili ya habari za siku ile zikapata usemi mwingine, nazo zikawa hoja juu ya ukoloni mzima.

Sauti yaweza pia kuharibu. Mwaka 1966 Waitalia Gualtiero Jacopetti na Franco Prosperi walitoa filamu ya Africa Addio. Ndani yake mna picha zilizopigwa kutoka angani juu ya Zanzibar, wakati wa Mapinduzi ya Januari 1964. Filamu hiyo ililaumiwa vikali kwa sababu ilisimulia uhuru wa Afrika kwa dharau. Hata hivyo wapo wanaozishika picha zile kuwa ushahidi wa mauaji, na wapo wanaozikataa kwa sababu ya filamu iliyozibeba. Mwalimu hapaswi kukimbilia upande wowote. Atenganishe kwanza: kamera iliona nini, na msimulizi aliongeza nini? Maneno mabaya hayafuti kilichoonekana, wala kilichoonekana hakiyathibitishi maneno mabaya.

(c) Kuigiza. Tarehe 16 Juni 1960 askari wa Kireno waliwapiga risasi wananchi waliokusanyika Mueda, katika nyanda za Wamakonde ng'ambo ya Ruvuma. Baada ya uhuru Ruy Guerra alitengeneza filamu ya Mueda, Memória e Massacre, inayowaonyesha wananchi wa Mueda wakiigiza siku ile. Filamu hiyo ina heshima yake, kwa kuwa inaonyesha jinsi watu wanavyolikumbuka tukio. Lakini mtu akichukua kipande chake na kukionyesha kana kwamba kilipigwa mwaka 1960, atakuwa amewadanganya watazamaji, ingawa kila mwigizaji alisema kweli.

(d) Kurudisha picha kwa shahidi. Hii ndiyo njia tunayoipendekeza kwa walimu. Stevan Labudović, mpiga picha wa Yugoslavia, aliwafuata wapiganaji wa Algeria kuanzia mwaka 1959 hadi 1962. Miaka mingi baadaye Mila Turajlić alizifungua picha hizo pamoja na Labudović mwenyewe, akamwuliza alichokiona na alivyokipiga. Kazi hiyo ilizaa filamu mbili zilizotolewa mwaka 2022. Picha iliyokaa kimya kwa miaka 60 ilipata msemaji aliyekuwapo.

5. Yasiyokuwamo katika picha

Filamu za vita vya Msumbiji zilitengenezwa hasa kwa ajili ya watazamaji wa Ulaya na Marekani, kwa lugha zao, ili kutafuta msaada kwa wapiganaji. Hiyo ilikuwa kazi ya haki. Lakini matokeo yake ni kwamba mwanakijiji wa upande wa Tanzania haonekani sana. Vijiji vya karibu na Ruvuma vilipata mashambulio ya Wareno, na wananchi wa kusini waliishi jirani na vita kwa miaka 10. Mambo hayo yamo zaidi katika vichwa vya wazee kuliko katika mikanda.

Liko jambo jingine ambalo mwalimu lazima alijue, hata kama hatalifundisha kwa watoto wadogo. Mwaka 1975, kambini Nachingwea, watu ambao FRELIMO iliwahesabu kuwa wasaliti walisimamishwa mbele ya hadhara. Mmoja wao alikuwa Uria Simango, aliyewahi kuwa makamu wa rais wa FRELIMO. Alisoma tamko refu la kukiri makosa, na baadaye aliuawa bila kufikishwa mahakamani. Tuseme tumewekewa picha ya tukio la namna hiyo. Jicho litaona mtu amesimama akisoma karatasi. Picha haiwezi kutuambia nani aliiandika karatasi, wala msomaji alitishwa kwa lipi. Mapinduzi yaliyoleta uhuru yalikuwa na hukumu zake za giza, na mwalimu anayeficha upande mmoja atawafundisha wanafunzi wake kusifu tu, si kufikiri.

6. Somo la mfano

Darasa: la Sita. Muda: vipindi vitatu vya dakika 40. Shabaha: mwishoni mwa somo mwanafunzi aweze (i) kutenganisha anachokiona katika picha na anachoambiwa, (ii) kumwuliza mzee maswali kwa adabu na kuandika majibu, (iii) kutengeneza masimulizi mafupi ya picha yanayotaja asili ya kila picha.

Vifaa: kipande cha filamu cha dakika 1 au 2 katika simu au kompyuta. Shule isiyo na umeme itumie picha tatu au nne zilizobandikwa juu ya kadi ngumu. Pia boksi la katoni, vijiti viwili, karatasi ndefu, gundi ya unga na kalamu za rangi.

Kipindi cha kwanza: Kutazama bila sauti.
Mwalimu aonyeshe kipande mara mbili, sauti ikiwa imezimwa. Agawe ubao sehemu tatu: Tunaona, Tunadhani, Tunauliza. Tuchukue mfano wa picha ya watu wanaopita msituni kwa mstari, wamebeba masanduku kichwani. Mwanafunzi akisema, "Wamebeba risasi," mwalimu asimkemee, amwulize, "Umeona risasi, au umeona sanduku?" Sentensi ihamishiwe sehemu ya pili ya ubao. Zoezi hili dogo lina thamani kubwa kuliko hotuba ndefu juu ya ukweli.

Kisha wanafunzi wawili wasome masimulizi mawili juu ya picha ile ile. Wa kwanza asome: "Wananchi, kwa moyo mmoja, wanawapelekea wapiganaji wao chakula." Wa pili asome: "Wanakijiji wamelazimishwa kubeba mizigo ya watu wenye bunduki." Mwalimu aulize ni kitu gani ndani ya picha kinachothibitisha usemi wa kwanza, na kipi kinachothibitisha wa pili. Darasa litagundua kwamba hakuna. Hapo ndipo swali la maana litazaliwa lenyewe: Nani basi angeweza kutuambia? Jibu litakuwa: aliyebeba sanduku, au aliyekuwapo.

Kipindi cha pili: Kumsikiliza shahidi.
Mwalimu awe amekwisha kumtembelea mzee au bibi wa kijiji, kumweleza shabaha na kupata ridhaa yake. Mgeni akiingia, wanafunzi wamwamkie, "Shikamoo babu," au "Shikamoo bibi," naye apewe kiti cha mbele. Akipenda kusimulia kwa Kimwera aachwe asimulie, na mwanafunzi au mwalimu anayejua lugha hiyo atafsiri, kwa maana mambo mengi hupotea mzee anapolazimishwa kutafuta maneno.

Aonyeshwe picha zile zile, aulizwe kwanza swali la wazi: "Babu, unaona nini hapa?" Maswali mengine yafuate: Wakati huo ulikuwa na umri gani? Ulikuwa ukiishi wapi? Wageni wale mliwaitaje? Mlikuwa mnakutana nao wapi? Watu walikuwa wakiogopa nini? Siku walipoondoka kurudi kwao ilikuwaje? Maswali yanayoweka jibu mdomoni, kama vile "Mlifurahi sana kuwasaidia, sivyo?", yaepukwe.

Wanafunzi waandike majibu kwa kuyagawa: aliyoyaona mwenyewe, na aliyoyasikia kwa wengine. Mzee naye ni binadamu. Huenda akachanganya miaka, au akasimulia ya jirani yake kama yake. Kumheshimu hakutuzuii kuandika kwa uangalifu. Mgeni akisema, "Hilo sikuliona," mwalimu awaonyeshe watoto kwamba jibu hilo ni la thamani.

Kipindi cha tatu: Sinema ya boksi.
Wanafunzi wachore picha 8 juu ya karatasi ndefu, waizungushe kwenye vijiti viwili ndani ya boksi lenye dirisha, na kila kundi litoe msimulizi wake. Sharti ni moja: chini ya kila picha kuwe na alama. Herufi P ni picha iliyonakiliwa kutoka picha ya zamani. Herufi S ni picha iliyochorwa kutokana na maelezo ya shahidi. Herufi B ni picha iliyobuniwa. Kundi lenye B nyingi lisipunguziwe alama kwa sababu hiyo. Lipunguziwe ikiwa limeficha B ndani ya P. Watoto hawa wanakua katika siku ambazo kompyuta yaweza kuunda picha ya mtu ambaye hakuwahi kuwapo. Tabia ya kuuliza asili ya picha ni kinga yao.

Upimaji: Mwalimu aonyeshe picha moja mpya na kumtaka kila mwanafunzi aandike sentensi tatu za anachokiona, moja ya anachodhani, na jina la mtu ambaye angemwuliza.

7. Mambo ya kuangalia

Kwanza, mwalimu atazame filamu yote nyumbani kabla ya kuionyesha. Picha za maiti na mateso zisionyeshwe kwa watoto wa shule ya msingi. Mambo hayo yaelezwe kwa maneno ya kiasi. Pili, baadhi ya familia za kusini zina ndugu pande zote mbili za Ruvuma, na wengine walipoteza watu wao. Mzee akinyamaza, asilazimishwe. Tatu, maelezo ya mzee yasirekodiwe kwa simu wala kusambazwa bila idhini yake. Nne, daftari la majibu lihifadhiwe katika maktaba ya shule, likiwa na tarehe, jina la kijiji na darasa lililouliza, kwa kuwa daftari hilo nalo ni kumbukumbu.

8. Hitimisho

Aliyekuwa na miaka 15 kambi ilipofunguliwa mwaka 1965 alizaliwa mwaka 1950. Aliyekuwa na miaka 10 wapiganaji walipoondoka mwaka 1975 alizaliwa mwaka 1965. Kila mwalimu wa Nkowe apige hesabu hiyo kwa kijiji chake, ahesabu ni wangapi waliobaki. Mikanda ya Belgrade, London na Stockholm ina watunzaji wake. Kauli ya bibi wa Nkowe haina hazina nyingine isipokuwa darasa litakaloamua kwenda kumwuliza.

Mazoezi kwa wanachuo

1. Chagua picha moja ya zamani ya wilaya yako. Iandikie masimulizi mawili yanayopingana, kisha eleza ni ushahidi gani ungeamua kati yake.
2. Tofautisha filamu ya Mueda ya Ruy Guerra na filamu ya Margarida Cardoso kwa kuangalia chanzo cha picha zake.
3. Andaa maswali 8 ya kumwuliza mzee juu ya miaka ya 1965 hadi 1975. Mpe mwenzako ayakague na kufuta kila swali lenye jibu ndani yake.
4. Katika mazoezi ya kufundisha yajayo, fundisha kipindi cha kwanza cha somo hili kwa kadi za picha tu, kisha uandike ni sentensi ngapi zilihama kutoka "Tunaona" kwenda "Tunadhani".